Kicheko cha Mchawi wa Whitehall

Mimi naitwa Agata. Ni prezida wa kwaya ya kanisa letu hapa West Side, Buffalo, huu mwaka wa sita, na ukiwauliza waimbaji wangu watakuambia mimi ni mkali. Ni kweli, sikatai. Kwaya ya watu thelathini na wawili, nusu yao wanafika mazoezini wametoka moja kwa moja kiwandani na usingizi machoni, mtu mpole ataiendesha vipi? Nasema mapema ili usinishangae huko mbele. Katika habari hii ya Dative, aliyemfungia mlango ni mimi.

Dative Bagula ni mdogo wangu. Mama zetu ni mtu na mdogo wake, na tulikulia Bukavu, Kadutu, nyumba mbili zikitazamana. Tangu utoto alikuwa na ugonjwa wa kuiga watu. Alimwiga muuza mkaa, alimwiga mwalimu, alimwiga mama yangu akigombana na mpangaji, mpaka mpangaji mwenyewe akacheka. Na sauti, jamani! Akiimba uani, watu walikuwa wanapunguza redio. Mimi nilimwonea wivu, nasema wazi, maana mimi ndiye niliyekuwa nafanya mazoezi na yeye ndiye aliyekuwa anaimba.

Vita ikatutawanya. Yeye alikaa miaka kambini Burundi, kisha akapokelewa Louisville, yeye na binti yake Gloire, aliyekuwa bado anabebwa mgongoni. Jina lake lilianzia kule Louisville. Mchana alikuwa anafunga maboksi kwenye ghala, Jumamosi anaimba harusini. Bibi harusi wa Kikongo akitaka kuingia ukumbini na watu walie, aliitiwa Dative. Walimwita mpaka miji ya mbali, na alikwenda akiwa bado na alama za gundi ya maboksi kwenye vidole.

Halafu akahamia Columbus, upande wa Whitehall, kwa sababu kanisa la kule lilikuwa na kwaya kubwa na kikundi cha kuigiza. Yeye aliposikia neno kuigiza, alifunga mizigo wiki ileile. Mwaka wa kwanza akapewa nafasi ya jirani, wa pili nafasi ya mama mkwe. Mwaka wa tatu, kwenye juma la vijana, akapewa mchawi.

Mchezo wenyewe ulikuwa wa kawaida, mmetunga mingi kama huo: mwanamke anamfunga wifi yake asizae, mwisho anashikwa, anaokoka, watu wanapiga makofi. Lakini Dative hakucheza kawaida. Nimeisikia habari hii kwa watu wasiopungua kumi, na wote wanashusha sauti wakifika hapo. Wanasema aliingia taratibu, amejifunga kanga moja tu, anamwita wifi kwa jina lake la utotoni, kwa upole kabisa. Watoto walianza kulia. Mama mmoja mjamzito alitoka nje.

Hapo akasimama Mzee Athanasi. Huyu ni mzee wa kanisa, mtu wa maombi, hajawahi kutukana hata kuku. Akanyoosha mkono kuelekea jukwaani, akakemea, "Toka! Kwa jina la Yesu, nasema toka kwa huyu mama!"

Bon. Mtu mwingine angefanya nini? Angesimama, angesema, "Mzee, samahani, ni mchezo." Dative hakusimama. Alimgeukia Mzee Athanasi, akamwangalia tangu viatu mpaka kichwa, akacheka. Kicheko kile cha mchawi, kirefu, cha chini kwa chini. Mzee akakaa chini.

Jumapili iliyofuata wazee wakamweka chini ya nidhamu, wakamtoa kwaya. Kosa liliandikwa kwenye daftari la kanisa: kumcheka mzee akiwa katika maombi. Akaambiwa asimame mbele ya washirika, aombe msamaha, arudishwe kwaya.

"Niombe msamaha wa nini?" akauliza. "Aliyecheka ni mchawi."

"Mchawi ni nani? Si ni wewe?"

"Mimi nilikuwa kazini."

Wakavutana hivyo miezi minne. Kisha akafunga mizigo tena, akampakia Gloire kwenye gari, akaja kwangu Buffalo.

Sasa hapa lazima nieleze jambo moja. Kwetu sisi, mtu akihama kanisa anabeba barua. Mchungaji wako anaandika: huyu ni mshirika wetu, amebatizwa, hana kesi, mpokeeni. Chini kuna sahihi na muhuri. Watu wetu wamevuka mipaka bila cheti cha shule, bila cheti cha kuzaliwa, lakini barua ya kanisa wameifunga kwenye nailoni na kuificha kifuani. Ukija bila barua tunakukaribisha, tunakupa chai, tunakuombea, unakaa kwenye kiti cha wageni. Lakini kwaya, hapana. Ukimwimbisha mtu mwenye kesi, umeiingiza kesi yake ndani ya kwaya nzima.

Dative alifika kwangu Alhamisi. Ijumaa jioni, tunakula ugali na sombe ya majani ya muhogo, akaniuliza mazoezi ni saa ngapi.

"Barua iko wapi?" nikamwuliza.

Akaweka tonge chini. "Dada, unaniomba barua? Wewe?"

"Nawaomba wote."

"Umeniogesha mimi nikiwa mtoto. Unajua kila kitu changu."

"Ndiyo maana siwezi kukupendelea. Piga simu Whitehall, omba msamaha dakika mbili, wakutumie barua. Dakika mbili, Mama Gloire! Unakufa?"

"Ndiyo," akasema. "Nikisema nilikosa, sitacheza tena hata siku moja. Nitakuwa naogopa kila nikifungua mdomo. Donc hapana. Na kwaya nitaingia, utaona. Nitaingia na jina langu zima."

Nilikasirika, nikamwambia ana kichwa kigumu tangu Kadutu. Akaniambia, "Hata wewe." Tukamaliza ugali.

Akakaa kiti cha wageni miaka mitatu. Sikia vizuri, mitatu. Hakukosa Jumapili hata moja, hata ile ya theluji kubwa tulipokuwa watu kumi na tisa tu. Na hakuimba. Kanisa zima likisimama kuimba, yeye anasimama, mdomo umefungwa. Nilimwuliza kwa nini haimbi hata pale chini, hakuna anayemkataza. Akanijibu, "Siimbi vipande. Siku nitakayoimba, nitaimba nimesimama mbele." Mimi naongoza kwaya, namwona pale kwenye kiti cha tatu kutoka mlangoni, na sauti ya kwanza inanipungukia, na ninajua inakaa wapi. Iliniuma sana, lakini sikumwonyesha.

Kazi alipata ya kutunza wazee majumbani. Wakampeleka North Buffalo, kwa mama mmoja wa miaka themanini na minne, miguu haina nguvu, mdomo una nguvu zote. Alikuwa mtu wa Hawaii, jina lake Nohea Kamalu. Dative alifurahi sana na hilo jina, maana unalitamka jinsi lilivyoandikwa, kama letu. Yeye akamwita Koko, kama tunavyowaita bibi zetu.

Wiki ya kwanza, Dative anamwogesha, na kwa mazoea ya kazi akaanza kuimba polepole wimbo wa kitabu chetu cha kanisa. Yule mama akafumbua macho, akaingia kwenye wimbo kwa sauti ya pili, kwa lugha yake. Tuni ileile! Wamisionari walipita visiwani kwao, wakapita na kwetu, wakaacha tuni moja kila mahali. Dative aliniambia sabuni ilimdondoka. Wakamaliza beti zote nne, kila mtu na lugha yake, maji yakapoa.

Kumbe yule mama alikuwa mwimbaji na mwigizaji maisha yake yote. Alitoka kwao akiwa na miaka kumi na tisa, na kundi la waimbaji wa mahotelini. Filamu alicheza nyingi, na Dative akataka kuziona zote. Wakazitazama pamoja mchana baada ya chakula. "Uko wapi, Koko?" anauliza Dative. "Ngoja. Huyo anayepita." Anapita msichana mzuri na sahani ya matunda, anaweka mezani, anatoka. Filamu inayofuata, tena sahani. Miaka minne alibeba sahani bila neno hata moja. Alipogoma kubeba, ndipo wakaanza kumpa maneno. Baadaye akaimba kwenye kumbi miji mingi, akaolewa na mpiga tarumbeta wa Buffalo, na mume akafa akamwacha na hii baridi.

Siku Dative alipomweleza habari ya mchawi, yule mama alicheka mpaka akaomba maji. "Mzee mzima alisimama kukufukuza? Kwa mkono hivi? Mimi nimefanya kazi hii miaka hamsini na minane, hakuna aliyewahi kunisifu hivyo!" Kisha akamwuliza kwa nini alicheka badala ya kusimamisha mchezo.

"Ningesimama, mchawi angekufa pale pale," Dative akasema. "Na watu walikuwa bado wanamhitaji. Alikuwa hajaokoka."

Hapo Koko akamwambia yake. Alipokuwa na miaka ishirini na sita alicheza filamu ya mwanamke anayeiba mume wa mtu. Akarudi nyumbani likizo, akaenda kanisani kwao, akakaa na waimbaji kama zamani. Shangazi zake wakamwondoa kwenye benchi mbele ya watu, wakamwambia arudi siku atakayotubu. Yeye akavaa viatu, akatoka, akapanda meli, akaenda zake. "Nilishinda," akasema. "Sikuomba msamaha. Na wote wamekufa sasa, sikuimba nao tena hata mara moja. Kwa hiyo wewe usiombe msamaha, lakini usitoke nje. Mimi kosa langu ni kutoka."

Ni yeye aliyemsukuma Dative kwenye ukumbi mmoja mdogo wa michezo hapa mjini, wenye viti themanini hivi. Kule wakamwona Mwafrika, wakampa karatasi yenye nafasi ya mkimbizi anayelia pembeni. Dative akaisoma kwa Koko. "Hiyo ni sahani ya matunda," Koko akasema. "Rudisha." Akairudisha. Akawaambia anataka nafasi ya mama mwenye nyumba, yule anayemfukuza binti yake. Wakamwambia Kiingereza chake ni kizito. Akawaambia hata huyo mama anaweza kuwa na Kiingereza kizito, kuna sheria gani? Wakamjaribu mara moja, wakampa. Miezi miwili Koko alimnoa: akifua anasema maneno yake, akikunja mashuka anasema, akikosea anarudia tangu mwanzo. "Usilie wewe," Koko alikuwa anamwambia. "Waachie wao kazi ya kulia."

Kanisani habari ikafika kwamba Mama Gloire sasa anacheza kwa Wazungu. Watu wakaniangalia mimi. Basi nikaenda nimpime mwenyewe, maana nilikuwa sijawahi kumwona akicheza tangu alipomwiga mama yangu. Nikakaa mstari wa nne, mkoba magotini, sura ya kuhukumu nimeivaa.

Nikaona mama anafungua mlango. Si Dative. Mgongo si wake, mkono si wake. Binti amesimama mvuani na mfuko wake, anaomba kuingia, na yule mama anamwangalia kama mtu anayehesabu vyombo. Anaanza kufunga mlango. Mimi sijui nilisimama saa ngapi. Nilijisikia tu napiga kelele, kwa Kiswahili, mbele ya ukumbi mzima wa Wazungu: "We mama! Usimfukuze, ni mtoto wako huyo!"

Yule mama akageuka. Akaniangalia mimi, dada yake niliyemwogesha, kwa macho ya mtu asiyenijua kabisa. Akafunga mlango. Nikakaa chini, aibu imenifunika. Na hapo nikamkumbuka Mzee Athanasi.

Kesho yake nikampigia simu Whitehall. Nikamwambia, "Mzee, Bwana asifiwe. Mimi ni dada ya Dative. Nimemkemea na mimi."

Akacheka kidogo. "Ulimwona nani?"

"Mama mbaya sana."

"Mimi nilimwona mchawi. Alikuwepo, mama, nakuapia. Nilisimama kwa sababu niliogopa kwa ajili ya watoto." Akakohoa. "Mimi sina neno naye tena. Lakini wazee wameandika kwenye daftari, na bila toba barua haitoki. Nimewasemesha mara mbili."

Donc mlango wa Whitehall ulikuwa umefungwa, na mzee mwenyewe hakuwa na ufunguo. Nikamwambia Dative. Hakulia. Alisema tu, "Basi itatoka kwingine," akaenda kazini.

Jumapili ya pili ya Machi, ibada imefika kwenye matangazo, mlango ukafunguliwa. Kanisa letu lina ngazi saba, na theluji ilikuwa bado chafu pembeni. Mashemasi wanne wakaingia wamebeba kiti cha magurudumu, na juu yake Koko, amevaa gauni la maua makubwa na koti juu, midomo myekundu. Dative nyuma yake, Gloire pembeni. Dative alikisukuma kiti mpaka mbele, akampa Mchungaji Liberati bahasha kwa mikono miwili.

"Barua yangu," akasema.

Mchungaji Liberati ni mtu wa utaratibu kuliko hata mimi. Akaifungua, akaona Kiingereza, akamwita Gloire aitafsiri. Gloire Kiswahili chake ni cha kukwaruza, nyumbani anajibu kwa Kiingereza siku zote, lakini siku ile alisoma polepole na kila neno lilisikika:

"Kwa mchungaji na wazee. Mimi ni Nohea Kamalu, mwimbaji na mwigizaji miaka hamsini na minane. Sina kanisa, kwa hiyo naandika kwa jina la kazi yangu. Dative ananiogesha kila asubuhi na ananiimbia. Aliyemcheka mzee ni mchawi. Dative alikuwa kazini, na aliifanya kazi vizuri mpaka mtu wa Mungu akasimama. Mzee huyo mumpe shukrani zangu. Mimi walinitoa kwenye benchi la waimbaji nikiwa kijana, nikaondoka kwa hasira, na nimejuta mpaka leo. Huyu hakuondoka. Amekaa mlangoni kwenu miaka mitatu. Mpokeeni mapema, mimi nimechoka kumsikiliza peke yangu."

Watu wakacheka, wengine wanajifuta macho. Mchungaji akaigeuza karatasi, akaangalia nyuma, akaangalia mbele. Namjua. Nilijua anatafuta nini.

"Maneno ni mazuri," akasema taratibu. "Lakini haina muhuri."

Dative hakutikisika. Koko akamvuta Gloire mkono, akamwuliza wanasema nini, Gloire akamnong'oneza. Yule mama akanyoosha mkono: leteni. Mchungaji akampa karatasi. Akafungua mkoba wake, akatoa rangi ya mdomo, akajipaka vizuri bila kioo, juu kisha chini, akabana midomo, halafu akaibusu ile barua chini ya jina lake. Mwaa! Akamrudishia mchungaji. Alama ilibaki pale, nyekundu, mviringo, imekolea kuliko muhuri wowote tulioletewa.

Yesu wangu! Midomo ya mwanamke kwenye barua ya kanisa! Mchungaji Liberati aliishika kwa ncha za vidole. Aliangalia wazee, wazee wakaangalia dari. Mwishowe akanigeukia mimi. "Prezida wa kwaya," akasema, "waimbaji ni wako. Unasemaje?"

Nilikwenda chumba cha nyuma tunapovalia, nikachukua mfuko wangu chini ya benchi, nikarudi nao mpaka pale mbele. Nikatoa sare ya kwanza, ya kitenge cha bluu. Nikatoa ya pili, ya kijani. Nikatoa ya tatu, hii ya zambarau tuliyokuwa tumeivaa siku hiyo. Kila mwaka tukikata kitambaa namwambia fundi ashone thelathini na tatu. Ananiuliza huyo wa mwisho ni nani, namwambia apime mwili wangu apunguze kiunoni, maswali aache.

Dative akazishika, akazigeuza, akaona hazijavaliwa. "Dada," akasema, "ulikuwa unanishonea muda huu wote?"

"Ulisema utaingia. Nilitaka ukute nguo."

Hapo ndipo alipolia, yeye ambaye kazi ya kulia anawaachia wengine. Nikamwambia anyamaze, avae, sauti ya kwanza mstari wa mbele, na Jumamosi akichelewa mazoezi nitamtoa tena bila huruma.

Tukaimba ule wimbo wao wa bafuni. Alifungua mdomo, na miaka mitatu ikatoka yote pamoja. Mimi nasimama mbele naongoza, na upande wa kushoto nasikia sauti ya pili inaingia kwa lugha nisiyoijua, imechakaa lakini haikosei. Mashemasi walikuwa wamemrudisha Koko karibu na mlango, kwenye nafasi ya wageni, na yuko pale peke yake, macho amefumba, anaimba.

Niliacha kuongoza. Nikashuka, nikashika kile kiti cha magurudumu, nikakisukuma mpaka katikati ya waimbaji wa sauti ya pili, wakampisha. Barua ya kanisa hakuwa nayo, na mpaka leo sijamwomba.